Niliyoyaona kwenye dirisha la uwakala

Chang'ombe ninayoisema ni ya Dodoma, si ile ya Temeke. Nilifungua kibanda cha uwakala wa hela za simu pale mwaka 2018, mwaka ambao Dodoma ilipewa hadhi ya jiji. Mabati, dirisha la nondo, kiti cha plastiki, mwavuli wenye rangi ya mtandao, basi. Kushoto kwangu muuza chipsi, kulia fundi cherehani, na mbele, chini ya mwarobaini, kijiwe cha vijana. Kijiwe kile kilikuwa na mwenyewe. Nitamwita Chidi, kwa sababu akina Chidi wako wengi mjini na yeye hakuwa mmoja wao.

Chidi alikuwa pusha, muuza dawa za kulevya. Alianza na bangi, baadaye akachanganya na unga, yaani heroini. Mtaa mzima ulijua. Kwenye filamu pusha ana gari, ana cheni shingoni, ana walinzi wawili waliovimba vifua. Huyu wetu alikuwa na ndala za bluu na simu mbili, moja ya batani. Wateja wake walimwogopa kidogo na kumbembeleza sana, na ukimtazama kutoka barabarani ungesema huyu ndiye mtu huru kuliko wote pale mtaani: haamki kwenda kwa bosi, hasaini daftari, anakaa kivulini kutwa nzima. Mimi nilikuwa namtazama kutoka upande ambao wao hawakuuona, upande wa hela. Wakala anawajua watu kuliko mjumbe. Anajua nani anamkumbuka mama yake kila mwisho wa mwezi, nani anatuma kwa mwanamke asiye mke wake, nani anakopa kwenye simu asubuhi ili alipe deni la jana.

Siku yake ilianza saa kumi na moja alfajiri. Niliowahi kuwasimulia hili hawakuamini, maana pusha anadhaniwa kuwa mtu wa usiku. Lakini mji ulikuwa unajengwa. Serikali ilikuwa inahamia, wizara zinapanda kule Mtumba, nyumba zinaota Iyumbu na Nala, barabara inachimbwa kila upande. Vibarua wa Bahi, Chamwino na Mpwapwa waliokuja kutafuta maisha walikuwa wanasombwa na malori alfajiri, na baadhi yao walikuwa hawapandi lori mpaka wapitie kwenye mwarobaini. Mtu anayebeba zege kwenye jua la Dodoma mwezi wa kumi anakwambia bila kile kijiti siku haipandi. Sisemi ni kweli. Fundi mmoja aliyekuwa anatoa hela kwangu kila Jumamosi alikuwa anasema vijana wa namna hiyo hawapandishi kwenye jukwaa, anawaacha chini wachekeche mchanga, na malipo ya chini ni madogo.

Saa mbili asubuhi msafara wa alfajiri umeshaisha. Ndipo anakuja dirishani na noti zake. Zilikuwa noti za buku, elfu moja moja, zilizokunjwa mpaka zimekuwa kama tambi, nyingine zina saruji. Nilikuwa nazikunjua moja moja kwenye ubao, nazipiga pasi kwa kiganja, halafu nahesabu. Hakuwa mtu wa kunisumbua. "Shikamoo da' Joyi," ananiambia, japo hatukupishana sana miaka, "niwekee hii, halafu tuma kwa yule mtu." Yule mtu alikuwa na namba iliyobadilika kila baada ya miezi michache. Nikituma, ndani ya dakika moja simu ya Chidi inaita, anajibu "imefika, bosi," na sauti yake inashuka. Kumbe bosi alikuwepo. Hakuwa na ofisi tu.

Mchana hakuwa na kazi na hakuweza kuondoka. Hiki ndicho kitu kilichonichukua muda kukielewa. Mimi nikichoka nafunga dirisha, naweka kadi "narudi sasa hivi," naenda kula ugali wa uwele na mlenda nyumbani. Chidi akiondoka nusu saa, mteja anahamia kwa mwingine kule upande wa Sabasaba, na mteja wa bangi akishaonja kwingine harudi kwa salamu. Kwa hiyo alikuwa anakula pale, analala akiwa ameketi pale, na kunyoa ananyolewa palepale chini ya mti. Mzee wa nyumba ya pili alipofariki, Chidi alikuja makaburini. Alisimama nyuma kabisa, simu zote mbili zinatetemeka mfukoni, na kabla watu hawajamaliza kurudishia udongo alikuwa ameshaondoka. Wazee walisema kijana hana adabu. Mimi nilikuwa najua anayempigia ni nani na anadaiwa shilingi ngapi.

Jioni ndiyo ilikuwa ya wateja wapya. Hawa hawakuwa watu wa kukaa kijiweni. Wamehamia na wizara, wamehamia na makampuni, wengine vijana wa vyuo. Wanakaa Kisasa, Ilazo, Area D, na Chang'ombe wanaisikia tu. Hawa walikuwa wanapiga simu, na bodaboda ndiye anayepeleka. Bei kwao ilikuwa juu, na Chidi mwanzoni alifurahi sana, akanunua na raba nyeupe. Baadaye akagundua kwamba mteja wa simu anataka mzigo sasa hivi, analalamika, anakopa kwa maneno laini, na siku mshahara ukichelewa hapokei simu. Yule saidia fundi wa alfajiri alikuwa analipa buku yake mkononi. Yule mwenye kiyoyozi alikuwa na deni la miezi. Mtu wa aina hiyo huwezi kumdai kwa sauti, maana utamdai wapi? Utakwenda kupiga kelele getini kwake ukisema unadai hela ya nini?

Watu pia walidhani Bunge ni msimu wake wa mavuno. Kuanzia Aprili hadi mwisho wa Juni, Bunge la Bajeti linapokaa, Dodoma inafurika: gesti hazina nafasi, kitimoto kinapanda, bajaji zinajipangia nauli. Hata mimi kamisheni yangu ilikuwa inanona. Kwa Chidi ilikuwa njaa. Doria zinaongezeka, kijiwe kinafagiliwa, kila gari lenye vioo vyeusi likipunguza mwendo vijana wanatawanyika. Siku nyingine alikuwa anakuja dirishani kutoa elfu mbili ya kula, na muuza chipsi anamkopesha. Mwezi wa Agosti, maonesho ya Nanenane yakianza kule Nzuguni, hali ni ile ile.

Kuna jioni moja alinipa daftari lake nimjumlishie. Aliishia darasa la saba na kujumlisha alikuwa anajua vizuri tu, ila alisema kila akijumlisha anapata jibu ambalo halimwingii akilini. Lilikuwa daftari dogo la jalada la kijani, la mtoto wa shule, na kila wiki ilikuwa na ukurasa wake. Nikachukua ukurasa mmoja. Mauzo, laki tatu na kumi. Mzigo wa bosi, laki moja na sabini. Mstari unaofuata ulikuwa umeandikwa "Ijumaa" tu, elfu arobaini. Kulikuwa na watu wawili waliokuwa wanapita na pikipiki kila Ijumaa jioni. Sitasema ni wa wapi, na mtaani hakuna aliyehitaji kuambiwa. Bodaboda, elfu thelathini. Chumba cha kuwekea, elfu kumi. Hapo inabaki elfu sitini. Halafu katika yale mauzo kuna elfu ishirini na tano za mikopo, ambazo zimeandikwa lakini hazijaonekana kwa macho. Inabaki elfu thelathini na tano, kwa mtu aliyekaa pale siku saba kuanzia alfajiri hadi saa sita usiku.

Nilimuuliza, "Mdogo wangu, saidia fundi analipwa ngapi kwa siku?"

"Kumi na mbili."

"Mara siku sita?"

Alinyamaza, akachukua daftari. "Da' Joyi, wewe unahesabu wiki mbaya." Nikafungua kurasa nyingine mbili mbele yake. Kulikuwa na wiki nzuri, ndiyo, moja ilikuwa nzuri kweli, na iliyofuata ilikuwa na mstari umeandikwa "chooni," laki na nusu. Maana yake siku hiyo kulikuwa na msako na mzigo wa bosi ulimwagwa chooni. Bosi hajali choo. Mzigo ukipotea, anayelipa ni wewe.

Sikumwambia aache. Nasema hivi kwa sababu wapo wanaotarajia dada wa dirishani amhubirie. Alikuwa mtu mzima, hesabu alikuwa ameiona, na kuna watu wakionyeshwa hesabu mbaya hukimbilia biashara kubwa zaidi ili ifidie. Ndivyo alivyofanya. Bosi alimwambia bangi ni kazi ya watoto, kuna kete za unga, vile vipakiti vidogo, zinalipa mara tatu. Chidi akaanza kuuza unga.

Ile ilibadilisha kila kitu pale mbele yangu. Mvutaji wa bangi akikosa hela anasonya, anaondoka. Mwenye arosto, yale maumivu ya kukosa unga, haondoki. Anakaa, anatokwa na makamasi, anajikunja, analia tumbo, anamwita Chidi "baba." Na kwa kuwa hana hela, anakuja na kitu. Kwanza simu. Halafu mtungi wa gesi. Halafu redio, spana, viatu vya mtoto. Chumba cha Chidi kikageuka ghala la vitu vya watu. Wateja wake wa unga walikuwa wanaweka rehani na hakuna aliyekuwa anarudi kukomboa, naye kuuza vile vitu kulikuwa shida kuliko kuuza kete, maana vyote vina wenyewe na wenyewe wako mtaani humohumo. Siku moja fundi cherehani wa pembeni yangu aliona sufuria lake la ndoa, lile kubwa lenye mpini uliochomelewa, limekaa kwenye mlango wa Chidi limejaa nyaya. Mtoto wa dada yake alikuwa amelipeleka. Palichimbika. Mwisho fundi alilikomboa sufuria lake mwenyewe kwa elfu saba, akapita dirishani kwangu amelibeba kichwani huku akitukana kwa Kigogo na Kiswahili kwa zamu.

Mteja wake mkubwa alikuwa Mudi, fundi wa madirisha ya aluminiamu. Mudi alikuwa na mikono ya dhahabu. Kwenye zile nyumba mpya za Iyumbu kuna madirisha mengi aliyoyapachika yeye, na kipindi hicho fundi aluminiamu alikuwa hapumziki. Hela yote ilikuwa inavuka barabara. Akitoa laki kwangu asubuhi, jioni ile laki naiona inarudi kwa mkono wa Chidi, noti ni zile zile. Moja niliwahi kuiwekea alama ya kalamu kwa utundu tu, ikarudi.

Mudi alipona, au niseme alitulia, kwa sababu ya mama yake mkubwa, aliyemshika mkono akampeleka Itega, kwenye kile kituo cha Mirembe, hospitali ya wagonjwa wa akili, wanakotoa methadoni. Wengi pale mtaani walikuwa hawajui kama huduma hiyo ipo. Tanzania ilianza kuitoa Muhimbili mwaka 2011, baadaye ikasambaa mikoani, na Dodoma wako Itega. Dawa yenyewe ni ya maji, unainywa mbele ya mhudumu, kila siku, bure. Haikulevyi ukipewa kipimo chako sawasawa, inazuia arosto, unarudi kazini. Shida ilikuwa nauli ya kila siku na maneno ya watu, maana kwa Mdodoma ukisema unakwenda Mirembe kila mtu anajua anachokuchekea. Miezi ya mwanzo alikuwa anatoa kwangu buku mbili za boda na hataki kutazama upande wa mwarobaini. Baadaye akawa anatazama na kupunga mkono.

Chidi aliumia. Siyo kwa wivu mbaya. Alimpenda Mudi, walitoka mbali. Lakini aliegemea dirishani kwangu akasema, "Serikali inagawa bure, mimi nitashindana vipi?" Nilicheka mpaka mteja mwingine akauliza kuna nini. Yeye hakucheka.

Sasa nije kwenye majina.

Mwaka 2019 ilikuja amri ya kusajili laini za simu upya kwa alama za vidole, na ili usajili sharti uwe na namba ya NIDA, yaani ya kitambulisho cha taifa. Mnakumbuka foleni zile. Mwisho ulikuwa 31 Desemba, Rais Magufuli akaongeza siku ishirini, na baada ya 20 Januari 2020 laini ambazo hazijasajiliwa zikaanza kuzimwa. Mimi nilisajili watu mpaka vidole vyangu vikaota sugu. Nilimwambia Chidi alete namba yake ya NIDA nimsajili dakika tano. Akasema atakuja. Hakuja. Wiki moja baadaye alikuwa na laini mpya, na mara ya kwanza alipotoa hela kwangu, meseji iliyoingia kwenye simu yangu ya kazi ilileta jina la mwanamke. Majina matatu, yote ya kwetu Ugogoni, la kwanza la ubatizo wa zamani kama lile la bibi yangu.

"Huyu nani?"

"Ndo mimi huyo," akasema.

Ilivyokuwa ni hivi: wapo vijana wa mwavuli waliokuwa wanamwambia mama wa kijijini bonyeza tena, hakijasoma, na kidole cha pili kinasajili laini nyingine ambayo mwenyewe haijui. Laini hizo zilikuwa zinauzwa. Yule mama sijui yuko wapi, ila kwa miaka iliyofuata jina lake lilipita mkononi mwangu kila siku ya Mungu. Nilimzoea. Kimoyomoyo nilikuwa namsalimia, "mbukwa," halafu namhesabia Chidi hela. Utaratibu unasema mtu akija kutoa nimwombe kitambulisho. Mawakala wenzangu mnaosoma hapa, mnajua na mimi najua.

Kwa Chidi laini ile ilikuwa kinga. Hakuna karatasi hata moja yenye jina lake: chumba alipanga kwa jina la mpenzi wake, na pikipiki ilikuwa ya jina la bodaboda wake. Na mji nao kila mwaka ulikuwa unazidi kuuliza majina. Julai 2021 ilipoanza tozo ya miamala ya simu, akahamia kwenye noti kwa kuwa makato yalikuwa yanamla. Kipindi hicho hata mimi nilikaribia kufunga, watu walikuwa wanabeba hela kwenye soksi. Akawa anatembea na fuko la hela kiunoni, akaporwa mara moja, na hakuwa na kituo cha kwenda kulalamika. Tozo zilipopunguzwa akarudi dirishani.

Mwaka 2022 wakaja watu wa anwani za makazi. Kila mtaa ukapata kibao cha jina, kila nyumba namba. Wenye nyumba walifurahi, mimi pia nilifurahi, maana kueleza kibanda changu kilipo kulikuwa kunachosha. Chidi alikuta mlango wa chumba chake cha mzigo umepakwa namba, akahama usiku uleule. Agosti 23 ikaja sensa. Karani, binti mdogo mwenye kishkwambi, alimkosa nyumbani siku mbili, akamfuata kijiweni. Alimuuliza taratibu kabisa, wakaenda pembeni, na sikusikia kitu isipokuwa jibu moja alilolisema kwa sauti ili vijana wacheke: "Mjasiriamali." Binti akaandika.

Treni ndiyo iliyomwumiza roho. SGR ilipoanza safari za Dar mpaka Dodoma Julai 2024, mtaa mzima ulikuwa na hamu. Watu waliozoea kukaa kwenye basi kutwa nzima walikuwa wanakwenda Kariakoo na kurudi siku hiyohiyo. Chidi alikuwa na dada yake Mbagala aliyejifungua. Hakuwa na mzigo wowote, alitaka kupanda treni tu kama watu wengine, apige picha dirishani. Tiketi inataka jina na namba ya kitambulisho. Alikaa kwenye kiti changu cha plastiki akaniuliza, "Sasa nikiandika jina langu kweli, si ndo nimejileta?" Nilimwambia hakuna anayemtafuta kwenye treni. Alifikiri, akapanda basi.

Nilikuwa nasikia watu wanasema wauzaji wa dawa wanaendesha mji. Labda wapo wakubwa wanaoendesha, sijakutana nao. Niliyekutana naye mimi alikuwa anaendeshwa na bosi wa namba zinazobadilika, na watu wa Ijumaa, na mteja wa Kisasa asiyepokea simu, na mateja wanaomwita baba. Kila mtu alikuwa na saa yake ya kumpigia, na yeye kupiga alikuwa hana wa kumpigia. Kuna kipindi aliumwa malaria kali, akatuma mtoto kwangu na kete za kuwapa wateja. Nilizirudisha na mtoto yuleyule kabla hajavuka barabara, na nikamtumia dawa na uji. Saa mbili baadaye alikuwa kijiweni, amejifunika blanketi, anatetemeka juani, anauza.

Walimkamata kwa sababu ya simu. Simu ya rehani, miongoni mwa zile zilizojaa kwenye ndoo. Teja mmoja aliiba simu ya binti wa chuo, akaileta kwa kete, na Chidi akaiweka laini ili aangalie mpira. Waliofuatilia simu walifika saa tisa usiku, na walipofungua chumba walikuta vingine. Wale wa Ijumaa hawakuonekana. Sheria ya dawa za kulevya ni ya mwaka 2015, na baada ya marekebisho ya 2017, kosa la biashara ya bangi linaweza kumfunga mtu miaka 30. Na unga hauhitaji hata kuufikisha kwenye kilo. Nikimkumbuka na lile daftari la kijani, elfu thelathini na tano kwa wiki, nashindwa kuweka namba hizo mbili kwenye ukurasa mmoja. Kesi inatajwa, inaahirishwa. Yuko mahabusu Isanga.

Kijiwe kilikaa kitupu mwezi mmoja hivi. Sasa kuna kijana mwingine, simjui, naye anakuja na noti zilizokunjwa. Nimekuwa mkali siku hizi: kitambulisho kwanza, na jina lisipolingana natoa tu pole. Nimepoteza wateja kadhaa, wakiwemo wasio na kosa lolote ila laini zao ni za waume zao.

Mama yake Chidi alikuja kutoka Kondoa baada ya mavuno ya alizeti. Barabara ya kule siku hizi ni lami tupu hadi Babati, kwa hiyo saa nne asubuhi alikuwa ameshafika, kanga mbili, kikapu cha ulezi. Nikamwamkia, akaitikia marahaba mwanangu, akatoa kwenye kikapu ile simu ya batani. Waliomkamata walimkabidhi mpenzi wake, naye akampa mama. Chidi amemwambia humo kuna hela, laki sita na kitu, aitoe amlipe wakili.

"Namba ya siri anaikumbuka?"

Alinipa kikaratasi. Tukajaribu mara moja, ikakataa. Ya pili, ikakataa. Nikamzuia kabla ya ile ya tatu, laini isije ikajifunga. Nikamweleza kwamba namba ya siri inabadilishwa kwenye duka la kampuni ya simu, lakini atatakiwa mwenye laini mwenyewe, na kidole chake.

"Mwenye laini si mwanangu?"

Nikamsomea jina. Majina yote matatu. Alilisikiliza hadi mwisho, akaniomba nilirudie, akauliza huyo mama ni wa wapi. Nikasema jina ni la kwetu huku, labda Mpwapwa, labda Kongwa, labda alishafariki.

"Basi hela ni yake," akasema, na akawa ameshaanza kukunja kanga ya simu. "Nikimpata atanipa hata nusu?"

Nilimwambia akimpata, anaweza kumpa. Akauliza nauli ya Kongwa ni shilingi ngapi.